Risasi ya Pili Haikuwa na Kazi

Nairobi alikufa dirishani. Nimelisema hili tangu 2020 na nitalisema tena, hata wale wanaolala na barakoa ya Dalí chini ya mto wanitukane wachoke. Alikufa mwishoni mwa Sehemu ya 3 ya La Casa de Papel, ule mfululizo wa Kihispania wa genge la wezi wenye majina ya miji, Julai 2019, kwa risasi ya mdunguaji, macho yake yakiwa kwa mwanawe aliyesimamishwa barabarani. Kilichokuja mwaka uliofuata, katika kipindi cha sita cha Sehemu ya 4, Gandía akimtoboa paji la uso mbele ya wenzake, ni kosa la ufundi. Maadili nawaachia maaskofu na bodi ya filamu, mimi nazungumzia kazi. Fundi alipiga msumari wa kwanza ukazama sawasawa, kisha akapiga wa pili palepale, ubao ukapasuka.

Dirisha ndilo kipimo chetu, kwa hiyo tulitazame vizuri. Inspekta Sierra hana njia ya kuingia Benki ya Uhispania, ila ana mtoto. Anamleta Axel hadi nje ya jengo, dubu wa kuchezea akiwa sehemu ya mtego, na kuanzia hapo hadhira inajua mengi kuliko anayojua Nairobi. Mtoto yupo, bunduki ipo, na mwanamke anasogelea kioo. Hakuna anayemvuta. Masharti ya Profesa, kiongozi wa genge, anayajua, hatari ya madirisha anaijua, na bado anasogea, kwa sababu ni mama aliyenyang'anywa mtoto, jambo tulilolijua tangu akisimamia mitambo ya noti kwenye kile kiwanda cha pesa walichokiteka mwanzoni. Risasi inapotua kifuani, inatua juu ya kila kitu tulichowahi kuambiwa kumhusu. Mfyatuaji mwenyewe hana umuhimu, ni kidole tu. Muuaji ni Sierra, na silaha yake ni mapenzi ya mama. Na sisi tuliokuwa tunatazama tumebaki na hatia kidogo, maana tulitaka asogee. Tulitaka amwone mtoto.

Hapo ndipo pa kumzika. Hakuna mwandishi anayepata kifo kizuri namna hiyo mara mbili.

Upasuaji uliofuata, Tokyo na kisu mkononi, daktari kwenye skrini, kipande cha pafu kikitolewa, ulifanywa vizuri, sina neno. Alba Flores, ndiye Nairobi, alicheza maumivu kwa kope tu. Na ule wekundu wa Migue Amoedo kwenye kamera haujawahi kunichosha.

Sasa njooni mlangoni. Gandía, mkuu wa ulinzi wa benki, amekwisha kujinasua. Nairobi ametoka kupasuliwa, hawezi kukimbia, hawezi hata kuvuta pumzi ya kutosha kupiga kelele. Kichwa chake kimepitishwa kwenye tundu la mlango, uso uko upande wa wenzake na mwili uko upande wa muuaji. Kama picha, inatisha kwelikweli, na najua kwa nini chumba cha waandishi kiliipenda. Lakini hebu tazama kilichobaki mikononi mwa mhusika. Hawezi kuamua. Hawezi kujadiliana. Hawezi hata kukosea. Majadiliano yote yanapita juu ya kichwa chake, na yeye amegeuzwa kitu kinachopiganiwa. Huyu ndiye aliyempindua Berlin kule kiwandani na kutangaza kwamba sasa wanawake ndio wanaoongoza. Mnamuua akiwa hana sauti?

Halafu mlango unafunguka, tunadhani mambo yamesuluhishwa, Gandía anafyatua. Mwendo wa polepole. Mwili unaanguka polepole, nyuso zinakunjamana polepole.

Kwa hili la mwendo wa polepole nina ugomvi wa miaka mingi, wanaonisoma wamezoea. Sam Peckinpah alipoutumia kwenye The Wild Bunch mwaka 1969, alipiga kwa kamera kadhaa zenye kasi tofauti, kisha akachanganya vipande vyake kwenye uhariri, hivi kwamba mtu anaanguka polepole huku mwingine kando yake anaanguka kwa kasi ya kawaida. Jicho lilikuwa na kazi ya kufanya. Kulikuwa na mambo mengi ya kuona kuliko muda uliokuwepo, ndiyo maana muda ukanyooshwa. Risasi ya paji la uso haina katikati. Ina kabla na ina baada. Ukiinyoosha hupati taarifa yoyote mpya, unampa tu mtazamaji nafasi ya kutafuta leso. Wanaotetea tukio hili huniambia kwamba ndivyo wenzake walivyouona wakati ule, kwamba kwa waliofiwa muda husimama. Sawa. Basi ungekaa kwenye nyuso za wenzake na kutuachia mlio.

Kosa baya zaidi liko nyuma ya kamera, kwenye mnyororo wa sababu. Nani aliyemfungulia Gandía mlango wa kuzimu? Palermo. Palermo, aliyekuwa akiongoza ndani ya benki, amepinduliwa na Tokyo, ana kinyongo, na kwa kinyongo hicho anamnong'oneza mateka namna ya kujitegua kidole gumba ili pingu ziteleze. Ni usaliti wa wazi, wenye harufu ya damu. Hadithi iliyonyooka humdai Palermo deni hilo. Hapa deni linalipwa na mwanamke aliye kitandani, asiyejua lolote, na Palermo anarudishwa kundini kana kwamba alivunja sahani.

Wala mfululizo huu haukuanza hivi. Sheria ya kwanza ya Profesa ilikuwa damu isimwagike, na kwa sababu hiyo kila tone lililomwagika kiwandani lilikuwa na bei. Oslo anapigwa kichwani na mateka wanaotoroka, na anayemmaliza ni Helsinki, kwa mto, kwa huruma, peke yake. Moscow anapata risasi ya tumbo siku Tokyo aliporudi na pikipiki yake ya kijinga, na anachukua muda mrefu kufa huku mwanawe Denver akiwa kando yake, kwa hiyo tunajua ni nani aliyefanya nini na nani analipa. Vifo viwili, hakuna hata kimoja kilichokuwa cha kupamba. Waandishi ni walewale, chini ya Álex Pina. Kilichobadilika ni kwamba mwaka 2017 walikuwa wanaandikia Antena 3, runinga ya kwao, na kufikia Sehemu ya 3 walikuwa wanaandikia dunia nzima, na dunia nzima hupigiwa kelele.

Waliokulia kwenye vibanda vya video wanaijua katiba. Stelingi hafi. Anayekufa ni rafiki wa stelingi, na hafi mwanzoni wala mwishoni. Anakufa hadithi ikianza kuchoka, ili stelingi apige magoti, alie, kisha ainuke na bunduki mbili. Co Bao kwenye Rambo ya 1985 ndiye mfano wa darasani: anaomba apelekwe Marekani, anabusiwa, anauawa, mkufu wake unahamia shingoni mwa Rambo, na jeshi zima linateketea. DJ Afro amejenga ufalme wake kwa kusimulia sinema za namna hiyo kwa Kiswahili chetu cha mtaani, na mimi huzifurahia bila aibu, kwa kuwa pale mkataba unajulikana na msimulizi mwenyewe anacheka. Walichofanya Wahispania ni kumshusha cheo mhusika wao bora kuliko wote, wakamfanya rafiki wa stelingi. Vipindi viwili vilibaki, hasira ilihitajika ili mpango wa kumwokoa Lisbon mikononi mwa polisi na kumwingiza benki uwe na mvuke, basi wakachukua kuni iliyokuwa karibu.

Na hadhira ya hapa, jiji la Nairobi lenyewe, haikuwa ya kuchezewa. Sehemu ya 4 ilitoka Aprili 3, 2020, kafyu ya korona ikiwa ndiyo imemaliza wiki yake ya kwanza. Kilimani na Lavington ilifika kwa faiba, River Road ilifika kwa flashi, kwa wale wauza muvi wanaokujazia msimu mzima ukiwa umesimama hapohapo. Saa moja jioni kila mtu ndani. Usiku wa Machi 30, siku chache tu kabla, mvulana wa miaka 13 alikuwa amepigwa risasi akiwa kwenye roshani ya nyumba yao Kiamaiko, polisi wakisimamia kafyu hiyohiyo. Mji huo ndio ulioketi kuona Wahispania watamfanyaje mwanamke aliyepigwa risasi dirishani. Walikuwapo pia watu wa Westlands na Riverside, ambao tangu mashambulio ya Westgate, Septemba 21, 2013, na tena DusitD2, Januari 15, 2019, hawahitaji kufundishwa jinsi mtu anavyojificha simu ikiwa imezimwa sauti. Hao hawakuwa wanataka kufichwa ukatili. Walitaka usipotezwe bure.

Kinachoniudhi ni kwamba Uhispania ina shule yake. Vijana wa siku hizi wanadhani sinema ya Kihispania ilizaliwa pamoja na ovaroli nyekundu. Carlos Saura alitengeneza La caza mwaka 1966, Franco akiwa bado madarakani, akapata Dubu wa Fedha kwenye tamasha la filamu la Berlin kama mwongozaji bora. Wanaume watatu wa makamo na kijana mmoja wanakwenda kuwinda sungura kwenye bonde lililopiganiwa wakati wa vita vyao vya wenyewe kwa wenyewe. Jua kali, pombe, madeni ya zamani. Kwa zaidi ya saa moja wanaokufa ni sungura, na wanakufa kweli. Kila mlio wa bunduki unahamia kwenye mwili wako bila wewe kutambua, hata wanaume wale wanapogeukiana mwishoni hushangai, unashangaa tu kwamba wamechelewa. Hakuna hotuba, na kila mtu nchini humo alielewa wanaozungumziwa ni nani.

Alejandro Amenábar, mwaka 1996, akiwa kijana mdogo, akafungua Tesis kwa treni iliyosimama. Mtu amejirusha relini. Abiria wanaambiwa watoke kwa mstari, wasitazame. Ángela anachepuka taratibu kwenda kutazama, nasi tunakwenda naye, shingo zetu zikirefuka, na kabla tu ya kufika anavutwa kando. Hatuoni kitu. Filamu nzima inahusu kanda za mauaji ya kweli, na dakika zake za kwanza zimekwisha kukukamata ukichungulia. Ukitaka kujua namna ya kumpa mtazamaji hatia bila tone la damu, ni hapo.

Na shujaa wangu wa kudumu ni Icíar Bollaín. Te doy mis ojos, 2003, Goya saba, zote halali. Filamu ya mume anayempiga mkewe ambayo karibu haina kofi hata moja. Inaanza usiku, Pilar akikimbia na mtoto kwenda kwa dada yake, na miguuni ana ndara za ndani. Ndara zile peke yake ni ushahidi wa kutosha kortini. Bollaín anatusubirisha hadi mwishoni mwishoni, ndipo Antonio, yaani Luis Tosar, anapomvua mkewe nguo na kumsukuma kwenye roshani mchana kweupe. Hapigwi. Laia Marull, ndiye Pilar, anajikojolea kwa woga. Mara moja tu katika filamu nzima tunaonyeshwa, na tunaonyeshwa kwa kuwa wakati huo yule mwanamke anaelewa jambo ambalo alikuwa amelikataa. Baada ya hapo anaondoka, na anaondoka kwa miguu yake. Linganisha na kichwa kwenye tundu la mlango.

Wala hatuhitaji kwenda mbali hivyo. Nairobi Half Life ya Tosh Gitonga, 2012, filamu ya kwanza ya Kenya kupelekwa kuwania Oscar ya lugha ya kigeni, ina bunduki na ina maiti, ila kila niliyemuuliza anakumbuka choo. Mwas ametua mjini, ameibiwa kila kitu mchana, amesombwa na polisi, na huko seli anaamriwa kusafisha choo ambacho harufu yake ilivuka skrini. Hakuna anayempiga wakati huo. Joseph Wairimu, aliyeondoka na tuzo ya mwigizaji bora huko Durban mwaka huohuo, anachagua kuligeuza tukio kuwa mchezo wa kuigiza, na kicheko kinachofuata kinamfungulia urafiki na Oti, na urafiki huo unamfungulia ujambazi. Udhalilishaji, uamuzi, matokeo. Haya yalipigwa hapahapa, kwenye mitaa ambayo ukiegesha gari vibaya unarudi huna kioo cha pembeni.

Fernando Meirelles naye, alipokuja na The Constant Gardener ya 2005, alikuwa ametoka kutengeneza City of God, kwa hiyo damu aliijua. Hakutuonyesha Tessa akiuawa. Alitupeleka mochari, akamweka mumewe Justin mbele ya mwili, akamwacha Sandy, mwenzake wa ubalozini, atapike kwenye sinki. Aliyetapika ndiye aliyekuwa na la kuficha. Mkato mmoja, na upelelezi nusu umekwisha.

Niachieni nafasi ya kinyongo kingine, ni kifupi. Bodi yetu ya filamu ilipoipiga marufuku Rafiki ya Wanuri Kahiu mwaka 2018, kilichoikera ni mapenzi ya wasichana wawili, na Kahiu alieleza kwamba alitakiwa abadilishe mwisho. Kipigo wanachopewa na kundi la watu hakikuwa hoja. Mahakama iliporuhusu siku saba za maonyesho mwezi Septemba, watu walijaa Prestige kwenye Ngong Road, na walioingia watakumbuka kwamba kinachouma zaidi ni kituo cha polisi, wasichana wamekaa kimya na maaskari wanawafanyia mzaha. Kahiu alijua thamani ya kile kinachokuja baada ya ngumi. Bodi ya nchi iliyotoka kwenye damu ya machafuko ya uchaguzi ya 2007 na 2008 ilikuwa na mizani ya busu na haikuwa na mizani ya ngumi.

Wageni pia wametufanyia risasi ya pili, na hawakutumia waigizaji. Siku ya shambulio la Dusit, lililoua watu 21, The New York Times ilichapisha picha ya maiti zilizoinamia meza za mkahawa. Wakenya walipiga kelele siku nzima, Baraza la Vyombo vya Habari likaingilia, na gazeti likajibu kwamba kipimo chake ni kimoja popote duniani. Mohamed Amin alikuwa na kipimo kingine. Julai 5, 1969, Tom Mboya alipopigwa risasi nje ya duka la dawa kwenye Government Road, ambayo leo ni Moi Avenue, Amin aliingia na kamera hadi ndani ya ambulensi akapiga filamu ya watu wakihangaika kumwokoa. Alikaribia kuliko mpiga picha yeyote wa Dusit, na bado ukitazama unaona mtu anayepiganiwa.

Ningekuwa na mkasi wa Sehemu ya 4 ningefanya hivi. Nairobi anafia mezani, kipindi cha tatu, mikono ya Tokyo ikiwa ndani ya kifua chake. Hapo mapinduzi ya Tokyo dhidi ya Palermo yanapata bei, maana kiongozi mpya ameshindwa kazi yake ya kwanza. Jeneza linatoka mapema, umati unaliona, Profesa anavunjika akiwa bado na vipindi vitano vya kujikusanya. Gandía anafunguliwa na kinyongo cha Palermo kama ilivyo, na anapomtundika Helsinki kwa kamba, tunaogopa kwelikweli, kwa kuwa tumeshaona kwamba hapa watu wanakufa. Kama ilivyo sasa, tunaitazama kamba ile tukijua Nairobi alinusurika risasi ya kifua, kwa hiyo lolote linawezekana, na penye lolote hofu hukimbia.

Inaonekana wao wenyewe waliliona. Sehemu ya 5, Septemba 2021, Tokyo anakufa kwa mabomu ya mkono aliyoyafungua mwenyewe, wakati anaouchagua mwenyewe, na anaondoka na Gandía. Ni kifo kilichoandikwa vizuri. Kimeandikwa kwa wino wa Nairobi.

Berlin je? Alikufa mwishoni mwa Sehemu ya 2, kwa hiari yake, bunduki mkononi, na tangu siku hiyo hajaacha kurudi: kumbukumbu za harusi, kumbukumbu za mipango, na Desemba 2023 akapewa mfululizo mzima wenye jina lake. Ukiuliza unaambiwa Pedro Alonso anapendwa. Kana kwamba Alba Flores hapendwi.